Kutoka Concepción Hadi Serem: Safari ya Mshambuliaji Eulalio "Lalo" Ferreira

Ndugu yetu tunayemzika asubuhi hii alizaliwa mbali sana na hapa. Eulalio Ferreira Cáceres, ambaye wengi wenu mlimwita Lalo, alizaliwa tarehe 12 Februari 1984 mjini Concepción, kaskazini mwa Paraguay, Amerika ya Kusini. Alikuwa mtoto wa tatu wa marehemu Mzee Herminio Ferreira, dereva wa malori ya ng'ombe, na Mama Ramona Cáceres. Mama Ramona yuko nasi kwa simu aliyoishika dada yangu Truphena, mjane wa marehemu. Kiswahili hakielewi, lakini amesema anataka kusikia jina la mwanawe likitajwa mbele ya watu.

Marehemu alisoma shule ya msingi hapo Concepción. Sekondari aliiacha njiani, na sababu yake Mama Ramona huisimulia mpaka leo. Siku moja mwaka 1999 alimtuma mkate. Lalo akakutana na lori la ng'ombe la rafiki wa baba yake likielekea Asunción, mji mkuu, ambako klabu moja ilikuwa ikijaribu wachezaji chipukizi. Akapanda. Alirudi siku ya tatu akiwa amechaguliwa, na mkate mkononi. Mama alimchapa kwanza, akamkumbatia baadaye.

Kazi yake ilikuwa kufunga mabao. Alianza kucheza ligi kuu ya Paraguay mwaka 2002, akaenda Chile mwaka 2005, kisha Ecuador mwaka 2008. Kila alikokwenda walimpenda, na kila alikokwenda aliondoka. Alituambia, "Nikishajua jina la muuza magazeti, miguu inaanza kuniwasha." Uwanjani pia hakuwa mtu wa kusimama. Beki aliyepewa kazi ya kumkaba alimaliza mchezo akiwa hoi, hata kama Lalo hakufunga.

Agosti 2011, wakati klabu za Saudia zilipokuwa zikisajili wachezaji wengi wa Amerika ya Kusini, alitia saini na klabu moja ya Riyadh. Msimu wa kwanza ndiye aliyeongoza kwa mabao katika timu yake. Aliishi ndani ya kampaundi ya wageni. Huko ndiko alikokutana na Truphena, aliyekuwa akilea mtoto wa kocha wa viungo wa timu hiyo, raia wa Argentina.

Truphena alikuwa akimwona kila alasiri akizunguka bustani peke yake, jua likiwaka. Siku moja alimuuliza kwa Kiarabu cha kuungaunga, "Bosi, umepoteza kitu?"

"Mafi," akajibu. Hakuna. "Ni miguu tu, haitaki kukaa."

"Basi kama ni kutembea tu, sukuma kigari cha mtoto. Mimi nikae."

Akakisukuma. Kesho yake alikuja kukitafuta mwenyewe. Hawakuwa na lugha moja; walichanganya Kiarabu, Kiingereza na mikono, na yeye akaanza kudokoa Kiswahili. Neno la kwanza alilolishika lilikuwa "ngoja", kwa sababu ndilo aliloambiwa mara nyingi zaidi.

Mwaka 2013 kocha yule alihamia klabu moja ya Jeddah, Lalo akasajiliwa huko huko, na Truphena akaenda na familia aliyoifanyia kazi. Mimi ninayewasomea wasifu huu, Naftali, nilikuwa dereva Jeddah na nilipanga chumba mtaa wa Ghulail pamoja na Wakenya wenzangu. Ijumaa moja mgeni huyu alikuja kujitambulisha kwangu, kwa kuwa mimi ni kaka wa Truphena, akiwa amebeba katoni ya maembe. Vijana wetu walikuwa wakicheza mpira kwenye kiwanja cha vumbi, akaomba namba acheze nao. Walimwogopa. Norman, aliyekuwa mlinzi wa ghala, alimpisha mara mbili. Lalo akausimamisha mpira akafoka, "Mbona mnanipisha? Nichezeeni!" Norman akamchezea kweli, akamwangusha chini. Aliinuka akicheka, magoti yana damu, na tangu siku hiyo hakukosa Ijumaa asipokuwa na mechi. Klabu yake ingejua ingemwadhibu.

Januari 2015 mambo yaligeuka. Kocha alifukuzwa kazi, familia yake ikaondoka nchini. Kafili wa Truphena, yaani mdhamini wake kisheria, mwenye ofisi ya wafanyakazi katika mtaa wa Al-Murabba, Riyadh, akaamuru arudi kwake apelekwe nyumba nyingine. Pasipoti ya Truphena alikuwa nayo kafili huyo. Truphena aliomba kurudi nyumbani, akakataliwa. Wiki hiyo hiyo klabu kubwa ya Mexico ilimtaka Lalo, na klabu ya Jeddah ilikuwa tayari kumwachilia. Ndiyo nafasi aliyoisubiri tangu lori lile la ng'ombe. Tiketi yake ilikuwa ya tarehe 29 Januari.

Siku hiyo hakwenda uwanja wa ndege. Alikuja Ghulail akaniambia, "Yalla, Naftali, nipeleke Riyadh."

Tukiwa barabarani wakala wake alipiga simu, akamweka kwenye spika. "Lalo, panda ndege," wakala alisema. "Msichana atakufuata."

"Atanifuata na nini? Pasipoti yake iko kwenye droo ya mtu."

Truphena mwenyewe alimpigia akimsihi aende, yeye atajipanga. Lalo alipokataa, Truphena alimkasirikia mpaka akakata simu.

Alifika ofisini kwa kafili, akasalimia, akakaa kwenye kiti cha wageni. Akaambiwa arudi kesho. Alirudi kesho. Alirudi na kesho yake, na siku zilizofuata. Yeye aliyeshindwa kukaa hata kwenye meza ya chakula alikaa pale kutwa, goti likitikisika. Dirisha la usajili likafungwa akiwa kwenye kiti kile. Habari zilisambaa mtaani kwamba mfungaji fulani yuko Al-Murabba, na watu wakaanza kumiminika kupiga naye picha. Ofisi ikajaa, wateja wakakosa pa kuingilia. Mwishowe kafili alipiga meza: "Halas! Chukua pasipoti yake. Ruhusa ya kutoka nitaitoa leo. Lakini toka ofisini kwangu!" Truphena aliingia Nairobi tarehe 11 Februari 2015.

Klabu ya Jeddah haikumsamehe kuondoka bila ruhusa. Ilimtoa kikosini, akafanya mazoezi peke yake hadi mkataba ulipokwisha mwezi Mei. Hakucheza tena katika ligi kubwa. Hatutasema hapa kwamba hakujuta, maana tuliishi naye. Mechi za Mexico zikionyeshwa alizima runinga akatoka nje, na Truphena alijua kumwacha atembee.

Walifunga ndoa hapa Serem tarehe 19 Desemba 2015. Mungu aliwajalia mabinti wawili, Ramona Kageha na Damaris Imali. Lalo alinunua ploti hii tulipokusanyika akaanza kuijenga, akaiacha akaenda kucheza Oman, akarudi. Mwaka 2017 akaenda tena Ecuador kwa miezi michache, akarudi na kuezeka. Kisha alifundisha timu ya kaunti ndogo yetu, ambako waamuzi walimtoa mara nyingi kwa kuvuka mstari. Hakuwa akigombana. Alisahau tu kwamba hachezi.

Machi 2019 alianza kulalamika tumbo. Hospitalini Eldoret madaktari waligundua saratani ya kongosho iliyokwisha kuenea. Hata akiwa na dripu aliomba atembezwe kwenye korido, na wauguzi walipeana zamu. Mama Ramona alitaka arudishwe Concepción. Wazee wetu nao waliuliza, kwa haki, mkwe asiye na ukoo hapa atalazwa wapi. Truphena alimuuliza mwenyewe. Alijibu kwa Kiswahili, "Nizike kwangu, kwenye ploti. Mahali watoto wangu watanifikia bila kuomba mtu viza." Mama yake aliposomewa maneno hayo alilia, kisha akakubali. Wazee nao wakakubali.

Aliaga dunia Jumamosi tarehe 3 Agosti 2019 asubuhi, akiwa na umri wa miaka thelathini na mitano, mkono wake ukiwa katika mkono wa mkewe.

Marehemu amemwacha mjane, Truphena. Watoto, Ramona na Damaris. Mama yake mzazi. Dada zake wawili na kaka mmoja walioko Paraguay. Mama mkwe, Zipporah. Mashemeji, wachezaji wake, na marafiki wa Ghulail waliosafiri kuja kumzika.

Mama Ramona ametuma neno moja, akaomba lisomwe kabla ya udongo kutiwa: "Mwanangu, mimi nimeridhika. Tulia sasa."

Na sisi wa nyumba hii tunasema: pumzika, shemeji, kwa amani, hapa kwako.