Mtupaji Aliyepiga Hodi

Mheshimiwa Mwakilishi wa Wadi, uliyekuja ukidhani ni fainali ya kandanda na ukabaki hata baada ya kuelezwa. Mwalimu Mkuu, Bwana Abdulghafur. Sheikh wetu na wazee wa mtaa mlioketi barazani. Ndugu Kiprotich, mgeni wetu wa kutoka Nairobi, uliyevuka kutoka Mokowe jana asubuhi umekumbatia nguzo ya boti kama mtu aliyekutana na mamake. Wanafunzi wangu wa timu ya besiboli, na tafadhali shukeni kwenye ukuta wa watu. Na wewe Bi Ruqaiya, uliye dirishani kule ghorofani, ambaye kwa kufuata ngazi za heshima ningeanza nawe maana uko juu kuliko sisi sote: nawasalimu. Asalaam aleikum, na kwa watu wangu wa bara, hamjambo.

Nimepewa dakika kumi. Mwalimu Mkuu amenionyesha saa yake, nami nimeitazama kwa heshima na kuisahau.

Kwa wasionijua, mimi ni Mwalimu Nerea, mwalimu wa michezo. Nililetwa Lamu na serikali nikiwa msichana, nikalia kwenye boti kuja, na mwisho wa muhula huu nitakapostaafu nitalia kwenye boti kurudi. Leo tumekusanyika kwa ajili ya kijana wetu Amjad, aliye hapa mbele amevaa kanzu mpya na viatu vya michezo, mtupaji wa besiboli wa kwanza kutoka mtaa huu, na, kwa kadiri ninavyoona, wa mwisho pia msipokuwa waangalifu. Barua za mwaliko zilisema tunamkaribisha nyumbani baada ya kustaafu. Lakini juzi simu yake ililia. Klabu moja ya Ubelgiji inamtaka tena, msimu mmoja zaidi. Amesema atawajibu leo, tukimaliza hapa. Kwa hiyo, Mheshimiwa, sijui kama ninayosoma ni hotuba ya kumkaribisha mtu au ya kumuaga, nami nimeiandika katikati kama mtu aliyekalia viti viwili.

Besiboli ni nini? Nimeulizwa swali hili kwenye baraza hii kila jioni tangu nianze kuifundisha, na kila jioni Bwana Bwanamkuu husema ameelewa. Mtu mmoja ana gongo, huyo ni mpigaji. Mwingine ana mpira, huyo ni mtupaji. Kazi ya mtupaji ni kumtupia mpigaji mpira asioweza kuupiga: aupeleke kwa kasi, aupinde, amhadae, amwache mwenzake akipiga upepo mbele ya wakwe zake. Ndiyo kazi yote. Sasa nawauliza, wazee wangu, ni nani katika mtaa huu aliyelelewa kufanya jambo kama hilo?

Maana Amjad hakujifunzia kutupa uwanjani. Alijifunzia hapa, chini ya dirisha lile. Shangazi yake Bi Ruqaiya ndiye aliyemlea, na Bi Ruqaiya, kama ndimi zenu zinavyokumbuka, ndiye mpishi wa achari ya ndimu isiyo na mfano kutoka hapa hadi Kiunga. Kila asubuhi Amjad alitumwa sokoni kuleta ndimu. Ngazi za nyumba ile mnazijua: zimesimama wima, na zina giza hata adhuhuri. Kulikuwa na kikapu cha kamba cha kuvutia vitu juu, lakini kikapu ni taratibu na Amjad alikuwa na haraka ya kwenda kufanya mambo yasiyo na haraka. Basi akawa anazitupa ndimu dirishani, moja moja, na shangazi anazidaka kwa leso.

Lakini mtoto wa Lamu, hata awe mvivu namna gani, ataingizaje kitu nyumbani mwa watu bila hodi? Kwa hiyo kila ndimu ilikuwa na hodi yake. "Hodi!" anasema Amjad. "Karibu!" anajibu Bi Ruqaiya. Ndimu inapanda, polepole, imenyooka, inatua katikati ya leso kama imealikwa. Na kama haikunyooka, mtaa mzima ulisikia: "Amjad! Wataka kunitoa mato?" Yaani macho, kwa Kiamu.

Mimi nilikuwa napita na gunia la vifaa vya besiboli ambavyo wafadhili walituletea shule, navyo vilikuwa vimekaa stoo mwaka mzima kwa sababu kila mtu alidhani glavu zile ni za kushikia sufuria. Nikasimama. Nikatazama ndimu zikipanda. Nikajisemea, Nerea, huyu ndiye mtupaji wako. Nilikuwa nimekosea kabisa, lakini nilikosea kwa furaha.

Tulifanyia mazoezi Wiyoni, mchangani. Vituo vya kukimbilia vilikuwa vinne: ndoo, kandambili, tofali, na punda wa Bwana Bwanamkuu, aliyekuwa kituo cha pili kwa hiari yake mwenyewe kwani alikataa kuondoka. Siku alipoamua kwenda kunywa maji, mechi nzima ilimfuata. Ninyi mnaocheka, mkumbuke kwamba tulishinda mechi ile.

Baadaye Nairobi wakasikia habari, wakamwita. Ndugu Kiprotich alikuwa mdakaji wa klabu ile, yule anayechuchumaa nyuma ya mpigaji, na jana usiku chakula kilipokuwa kinashuka ametusimulia tena. Siku ya kwanza, uwanja umejaa. Amjad anapanda kichuguu cha kutupia, anainua mguu, na kabla mpira haujatoka mkononi anasema kwa sauti safi: "Hodi!" Mpigaji aliuona mpira ukija taratibu, umenyooka, una adabu zake zote. Akaupiga ukatoka nje ya uwanja, ukavuka barabara, ukaingia kwenye kibanda cha mama muuza chapati. Amjad akaomba ruhusa ya kwenda kumpa pole yule mama.

Kocha akamwambia, "Tupa kwa hasira! Fikiri huyo ni adui yako!" Amjad akamjibu, "Kocha, huyo nimeketi naye kwenye basi." Akamwambia basi angalau hodi aiseme moyoni. Amjad akasema, "Sasa yeye atajuaje kama naja?"

Ndugu zangu, mtu kama huyo utamfanya nini?

Nairobi walimwacha kwa machozi. Kisumu wakamchukua, wakamwacha kwa machozi zaidi. Akaenda Entebbe, akaenda Dodoma, akapelekwa hadi Ubelgiji, kwenye kijimji ambako mvua hunyesha mpaka mpira unakuwa kama andazi lililotiwa chai. Kila mahali alisema hodi. Wapigaji wa nchi zote hizo wakajifunza neno moja la Kiswahili, na wakajua likisikika, sasa ni wakati wa kupiga. Kule Ubelgiji mashabiki walifika hatua ya kumjibu uwanja mzima: "Karibu!" Watu mia kadhaa, wamevaa makoti ya mvua, wanapiga kelele karibu, hawajui maana yake.

Na alipomgonga mpigaji mmoja begani kwa bahati mbaya, alifanya nini? Alikwenda nyumbani kwake jioni na chupa ya achari. Yule Mbelgiji akaila kwa kijiko kama jamu. Amjad anasema mtu huyo alikimbizwa hospitali kwa achari, si kwa bega.

Mtaniuliza, Mwalimu, ikiwa kila mtu alimpiga, mbona kila klabu ilimchukua? Hapo ndipo penye siri, na si siri kubwa. Mpigaji aliyepoteza shabaha yake, aliyekosa wiki nzima hata akaanza kuogopa gongo lake mwenyewe, aliletwa kwa Amjad asubuhi ya mazoezi. Amjad alimtupia. Hodi, karibu, paa! Hodi, karibu, paa! Kufika chakula cha mchana mtu amepona, anatembea kifua mbele. Kiprotich hapa, ambaye alikuwa hapigi hata nzi, alitoka mikononi mwa Amjad akawa bingwa wa mapigo wa klabu yao. Klabu zilimwacha Amjad kwa sababu hashindi, na zikimwacha, zinaanza kushindwa.

Kushinda huko ugenini, alishinda mara moja. Nisipoisema hii atanisusia. Ilikuwa Entebbe, mwisho wa mechi, mpigaji hatari kasimama. Amjad akasema, "Hodi!" Mpigaji, aliyekuwa amemzoea, akajibu, "Karibu!" kisha akajisikia alichosema, akaanza kucheka. Akacheka gongo likamponyoka. Akacheka akaketi chini, mipira ikampita mmoja baada ya mwingine hadi akahesabiwa ametoka. Ile medali iliyo shingoni mwa Amjad leo ndiyo hiyo. Anailalia.

Sasa, Mheshimiwa, nacheka, lakini niruhusuni kidogo nisicheke.

Nikistaafu, timu hii haina mwalimu. Mwalimu mpya wa michezo ni bingwa wa draftsi, namheshimu sana, lakini watoto hawa watabaki na kandambili, tofali na punda. Watoto wengine wana makocha tele wa kuwafundisha kumshinda mwenzao. Ni nani atakayewafundisha kumtupia mwenzao mpira mpaka apone? Namtaka Amjad. Nimemtaka tangu alipoteremka botini wiki iliyopita. Sikumwambia, kwa kuwa mtu hasihiwi gatini akiwa na mizigo. Namwambia sasa mbele yenu: mwanangu, Ubelgiji wanakuhitaji, najua, lakini sisi tunakutaka.

Jana nilipanda ngazi zile, na magoti yangu bado yananilaumu, nikamwomba Bi Ruqaiya azungumze naye. Akakataa. Akasema mtu mzima hashikwi shati. Nikamuuliza, basi shangazi, tutajuaje ameamua nini? Akafikiri, huku akikata ndimu. Akasema, na wageni wa bara mtanisamehe kwa kuiga Kiamu, "Mpe ndimu anitupie, kama zamani. Akipiga hodi, ni mgeni. Nitamkarimu, nitampikia, nitamuaga. Hodi ya utotoni ilikuwa mchezo; mwana wa nyumba aliyekua hapigi hodi kwao. Asipopiga, naaye yuu anisaidie kazi."

Yaani, ndugu Kiprotich, aje juu.

Amjad, shangazi yako anakusikia na kila mtu amekusikilizia. Ndimu hii hapa. Simama. Hapana, Mheshimiwa, wewe keti, ni yeye anayesimama. Wanafunzi, nimesema mshuke ukutani. Bwana Bwanamkuu, mshike punda.

Haya. Amesimama chini ya dirisha. Bi Ruqaiya ametandaza leso. Amjad ameinua mguu. Amefungua kinywa. Jamani, amefungua kinywa! Kocha wa Nairobi, kocha wa Kisumu, kocha wa Ubelgiji, wote walishindwa kukifunga kinywa hicho.

Amekifunga.

Mmeona? Mimi sikuiona! Mheshimiwa, uliiona? Imetoka mkononi kimya, ikapinda, ikapinda jamani, haijapata kupinda, ikazunguka kamba ya nguo ya jirani, na iko kwenye leso! Iko kwenye leso! Kiprotich ameshika kichwa. Anasema mpira kama ule hakuna mpigaji duniani angeugusa. Miaka yote hii alikuwa nao, na hakuwa na nyumba ya kuutupia.

Nyamazeni, nyamazeni, Bi Ruqaiya anasema kitu.

Anasema, "Na salamu je, wewe? Watupa tu kama huna wenyewe?"

Amjad anasema asalaam aleikum, shangazi. Anasema kwa sauti ndogo, na mnamwona mwenyewe anafuta macho kwa mkono wa kanzu mpya.

Bi Ruqaiya amejibu waaleikumu salaam, na ameongeza kwamba kuna gunia zima la ndimu, na kwamba leo apande kwa ngazi.

Waheshimiwa na ndugu zangu, nilikuwa na kurasa mbili za hekima nilizoandika kwa ajili ya mwisho. Nazikunja. Mheshimiwa, ahsante kwa kuketi kutazama usichokielewa mpaka ukakielewa. Mwalimu Mkuu, ahsante kwa saa yako. Wazee, ahsanteni kwa baraza, na kina mama kwa mahamri ambayo nayaona yakipungua kabla ya dua. Ndugu Kiprotich, mtumie salamu yule mwenye klabu ya Ubelgiji, mwambie Amjad yuko kazini, anakata ndimu, na mazoezi ni kesho Wiyoni baada ya Alasiri. Akipenda kuja kujifunza kupiga, yeye apige hodi, maana ni mgeni.

Nimewachosha, mmenivumilia, mmenisikiliza hadi neno la mwisho. Ahsanteni sana, na Mungu awabariki. Watoto, sasa mnaweza kurudi ukutani.