Bei Iliyofutwa na Mvua

Jumatatu, tarehe 14 Julai 2025, saa kumi na moja na robo jioni, manyunyu yakianguka, nilikuwa kwenye foleni ya kungoja matatu za Langas, mjini Eldoret. Mbele yangu mwenye kinu cha kusagia mahindi alikuwa akimlalamikia mteja wake, mama muuza uji.

"Mama Njambi, ni mvua ilinimaliza. Niliandika kwa ubao kusaga gorogoro moja ya mahindi ni shilingi kumi na nane, mvua ikakula upande mmoja wa hiyo nane ikabaki tatu. Ng'ang'a mwenye kinu cha ng'ambo ya barabara akaona, akaandika kumi na tatu."

"Si mnaangaliana kila siku, Mzee Cheruiyot? Mmoja akipandisha, mwingine anapandisha kabla chai ipoe."

"Hatujawahi kuongea na yeye."

"Macho inatosha."

Nikakumbuka shule yetu ya bweni: aliyenakili jibu la jirani alinakili na kosa lake, na wote wawili waliadhibiwa.

"Sasa rudisha kumi na nane," mama akamchokoza.

"Nikirudisha peke yangu, wateja wote watavuka barabara." Mzee akashusha sauti. "Mwambie Ng'ang'a turudi pamoja. Ulipofiwa nilikusagia unga ya matanga bure. Uko na deni yangu."

Mama akacheka hadi mwavuli ukatikisika. "Hiyo deni ni ya kweli, Mzee. Ukiwa na harusi ama msiba, nitakuja kupika hadi mwisho. Lakini kukubebea bei kwa Ng'ang'a ndiyo wamama wa Langas walipe zaidi, hiyo silipi."

Gari likasimama. Mama akapanda wa kwanza, kichwa juu.