Kimya cha Bi Enid: Wasifu wa Marehemu Enid Openshaw Tattersall (1931–2009)

Ndugu zangu, majirani, wanakanisa, na ninyi watu wa jukwaani mliokaa viti vya nyuma ili muwe wa kwanza kutoka: asanteni kwa kufika Rochdale katika mvua hii. Mimi ni Gwen, binti wa marehemu Harold, ambaye Bi Enid alikuwa dada yake. Nimepewa kazi ya kuwasomea maisha ya shangazi yangu. Angekuwepo angeniambia nisimame wima, nitoe sauti mpaka mlangoni, na nisijilize kama machozi hayaji. Nitajitahidi, ingawa hilo la mwisho halihitaji juhudi.

Marehemu Enid alizaliwa tarehe 11 Machi 1931 hapa hapa Rochdale, mtoto wa tatu wa Bwana Albert Openshaw, muuza makaa ya mawe, na Bi Bertha, mfumaji katika kiwanda cha pamba. Kiwandani mitambo ilipiga kelele hivi kwamba wanawake hawakusikiana, kwa hiyo walizungumza kwa midomo na uso mzima, kila neno likivutwa mpaka lionekane. Bi Bertha alirudi nyumbani na tabia hiyo. Aliwagombeza watoto mezani bila kutoa sauti hata kidogo, na kila mmoja alijua ametukanwaje. Enid alijua kusoma midomo kabla hajajua kusoma kitabu.

Alisoma katika shule ya kanisa letu la Kimethodisti hadi Pasaka ya mwaka 1945. Mwalimu wake, Bi Fielden, aliandika katika ripoti ya mwisho kwamba Enid ana kipaji cha kuwa mtu yeyote duniani isipokuwa mwanafunzi. Babu Albert alicheka, bibi hakucheka, na wiki iliyofuata Enid akaingia kiwandani kusimama kando ya mama yake. Alifuma kwa miaka saba. Jioni alicheza michezo ya kuigiza na kikundi cha kanisa, na wazee waliokuwa wazito wa kusikia walimpenda kuliko wote, kwa sababu maneno yake yalionekana hata pale ambapo hayakusikika.

Mwezi Septemba 1952 aliajiriwa na kikundi kimoja cha michezo ya kuigiza mjini Southport. Kikundi hicho kilitoa mchezo mpya kila wiki: jioni wanacheza huu, asubuhi wanajifunza ujao. Mwongozaji alimtazama juu hadi chini akasema, "Miguu ya msichana, uso wa mjane. Miguu tutaifunika." Basi akiwa na miaka ishirini na mmoja shangazi yangu alianza kucheza vikongwe, kwa unga mweupe kichwani na mito kiunoni. Aliwahi kuniambia kwamba uzee wa kweli ulipomfikia haukumshtua, maana walikuwa wameshafanya kazi pamoja.

Nafasi alizopata zilikuwa ndogo. Aliingia na sinia la chai, akasema polisi wako mlangoni, akatoka. Alikuwa mpishi, mkunga, mama mwenye nyumba, shangazi kiziwi. Mchezo ulipokaribia kwisha, yeye alikuwa ameshavua maleba na anaosha uso. Sasa, wageni mtanisamehe nieleze kidogo. Watu wa jukwaani wana mwiko wao: mstari wa mwisho wa mchezo hautamkwi katika mazoezi. Hutamkwa kwa mara ya kwanza jioni ya ufunguzi, watu wakiwa wamejaa. Kuumaliza mchezo mbele ya viti vitupu ni kuita mkosi. Kwa hiyo mwenye mstari huo hufika pale akafunga mdomo, na wote wakaenda kunywa chai.

Bi Enid aliushika mwiko huo kuliko kasisi anavyoshika amri kumi, na hakuwa na mstari wa mwisho hata mmoja. Siku moja nikiwa msichana mdogo, tukiosha vyombo nyumbani kwake, alinikabidhi sahani akasema, "Gwen, mimi sitaki kuwa malkia. Nataka mara moja tu katika maisha yangu pazia lishuke juu ya neno langu." Nilidhani anatania. Hakuwa anatania, na alilingoja jambo hilo kwa miaka mingi bila kumlaumu mtu.

Mwaka 1957 kikundi kilipata mkumbushaji mpya, kijana wa Burnley aitwaye Cyril Tattersall. Kazi ya mkumbushaji ni kukaa pembeni mwa pazia akiwa na maandishi ya mchezo, na mwigizaji akisahau amnong'onezee. Wiki yake ya kwanza Enid alicheza mjane anayeletewa habari ya kifo cha mumewe. Akaisikia habari, akanyamaza. Ukumbi wote ukanyamaza naye. Cyril akaona huyu kasahau, akamnong'onezea neno, na kwa bidii ya ugeni alinong'ona mpaka safu ya sita wakasikia. Watu wakaangua kicheko. Pazia liliposhuka Enid alimfuata na mito yake yote kiunoni.

"Nani kakwambia nimesahau?"

"Dada, ulinyamaza."

"Nilinyamaza kwa sababu mume wangu kafa, bwege wewe! Ulitaka niimbe?"

Cyril akaenda kununua chipsi, akaziweka mlangoni pa chumba cha Enid zikiwa zimefungwa gazetini, akakimbia. Tangu siku hiyo akaanza kumsoma yeye badala ya maandishi. Akagundua jambo ambalo Enid mwenyewe hakulijua: akisahau kweli, mikono yake hutafutana. Akinyamaza kwa kukusudia, mikono hutulia.

Walifunga ndoa tarehe 14 Juni 1958 katika kanisa hili. Ilikuwa Jumamosi asubuhi, kwa sababu alasiri kulikuwa na onyesho. Bibi harusi alitoka kanisani akapanda treni, akaenda kucheza mama mkwe mwenye kuchukia harusi, na kila mtu alikiri hajawahi kununa vizuri vile. Mungu aliwajalia mtoto mmoja, Judith.

Kuanzia mwaka 1963 alifanya kazi nyingi za televisheni mjini Manchester. Wengi wenu mlimjua kama Bi Pilling, mwenye duka la kufulia nguo katika tamthilia ya kila wiki, aliyejua siri za mtaa mzima kwa kutazama shuka zao. Aliicheza nafasi hiyo kwa miaka kumi na mmoja. Uso wake uliingia kila nyumba, jina lake likabaki mlangoni. Sokoni Bury mama mmoja alimkamata mkono mbele yangu.

"Wewe nakujua! Tulisoma wote?"

"Ndiyo, kipenzi. Dawati moja."

"Nilijua tu! Na yule mdogo wako mwenye makengeza, hajambo?"

"Kapona kabisa. Siku hizi anaona hadi Leeds."

Yule mama akaondoka amefurahi sana. Nilimuuliza shangazi kwa nini hakumwambia ukweli. Akasema, "Kaja sokoni kutafuta rafiki, nimwuzie mwigizaji?" Alikuwa hivyo. Hakuwa mpole wakati wote, na sisi tuliokaa naye tunajua ulimi wake ulivyokuwa, lakini hakumnyima mtu furaha iliyokuwa ndani ya uwezo wake.

Mwezi Februari 2001 alipata kiharusi. Mwili ulirudi, maneno yakarudi kwa kuchechemea. Simu za kazi zikakatika, naye akaanza kusema amestaafu kwa hiari, uongo ambao hakuna aliyeuamini. Kisha mwaka 2003 ukumbi mdogo wa Manchester ukamwita. Mchezo mpya kuhusu familia inayogombea nyumba ya bibi yao, na yeye ndiye bibi. Wanagombana saa mbili nzima huku yeye akiwahudumia chai. Mwishoni wote wanakaa kimya, na bibi anasema, "Haya, na mimi nileteeni chai." Pazia linashuka.

Alipoyasoma hayo alikaa kwenye ngazi za nyumba yake akalia. Alikuwa na umri wa miaka sabini na miwili.

Mwongozaji, Bwana Julian Sayle, alikuwa kijana mstaarabu na mwoga. Kila mazoezi bibi alifika kwenye mstari ule akafunga mdomo. Siku ya mazoezi ya mwisho uvumilivu wa Julian ukaisha.

"Mama, nakuomba. Nisipousikia leo, sitalala."

"Kanywe maziwa ya moto, mwanangu."

"Umeugua. Ukikwama kesho mbele ya watu? Afadhali nimpe binti yako wa kwenye mchezo autamke yeye."

Mikono ya shangazi yangu ikaanza kutafutana. Anko Cyril, aliyekuwa amemsindikiza tu kumbebea koti, akainuka kwenye kiti. "Niweke mimi pembeni pa pazia," akasema. "Akikwama nitamwambia. Kama kuna mtu duniani anajua amekwama, ni mimi." Julian akakubali shingo upande.

Nilikuwepo kesho yake, na nitawaambia nilichokiona, na cha nyuma ya pazia alichonisimulia Anko Cyril. Bibi alimimina kikombe cha mwisho, akaweka birika mezani, akawatazama wanawe. Akanyamaza. Kimya kikaenda, kikaenda. Mtu mmoja akakohoa akajutia. Nyuma ya pazia Julian alikuwa ameshika nywele zake: "Mwambie! Mzee, mwambie neno, amekwama!" Anko Cyril aliitazama ile mikono, ikiwa imelala juu ya kitambaa cha meza. Akayafunga maandishi, akayakalia.

Ndipo bibi akalitamka neno lake. Kwa sauti ndogo tu, na mdomo wa mama yake wa kiwandani, kila herufi ikionekana hadi ghorofani. Watu walicheka, kisha wakagundua wanalia. Pazia likashuka. Nimehudhuria mengi maishani, lakini sikuwahi kumwonea mtu fahari kama nilivyomwonea yeye jioni ile.

Kiharusi cha pili kilimpata mwezi Mei 2008. Maneno yakaanza kuondoka moja moja, na Anko Cyril akarudi kazini. Alikaa kando ya kitanda na kumpa: kijiko, dirisha, Jumanne, Judith. Mikono ikitafutana, anampa neno. Mikono ikitulia, anamngoja, hata kama chai inapoa.

Alasiri ya tarehe 22 Novemba 2009, nyumbani kwao, Bi Enid alifungua macho akasema, "Cyril, mimi..." Akanyamaza. Judith akamwambia baba yake, "Baba, msaidie." Anko Cyril akatazama mikono juu ya blanketi. Ilikuwa imetulia. "Hajasahau," akasema. Akamshika mkono, akangoja naye. Ndivyo alivyoondoka, akiwa na umri wa miaka sabini na minane.

Marehemu ameacha mume, Bwana Cyril Tattersall, binti, Judith, na mumewe Graham, mjukuu, Toby, na mimi mpwa wake. Ameacha pia akina mama wengi wa sokoni wanaoamini walisoma naye dawati moja, nao tunawahesabu kuwa wafiwa. Familia inawashukuru wauguzi waliomtunza nyumbani na wote mlioleta pai za nyama na viazi. Baada ya maziko karibuni ukumbini mzile.

Limebaki neno moja. Wiki yote nimeusoma wasifu huu peke yangu jikoni, na kila nilipofika hapa nilifunga mdomo nikaenda kuchemsha chai. Mstari wa mwisho sijautamka, kwa sababu viti vilikuwa vitupu. Leo vimejaa, hata nyuma mmesimama. Nakuona, Anko Cyril, umekaa mbele na nakala yako magotini. Sasa nitanyamaza kidogo. Usinikumbushe. Itazame mikono yangu.

Apumzike kwa amani.