Bi Shifaa na Lakiri ya Asali

Baada ya miaka thelathini na mmoja katika kiwanda chetu cha asali hapa Tabora, Bi Shifaa Soud alistaafu rasmi tarehe 30 Juni mwaka huu. Jarida letu la kiwanda limeniomba niandike kwa uchangamfu. Nitajitahidi.

Alianza kwa kuchuja asali iliyoletwa kwa baiskeli kutoka Sikonge, akamaliza akiwa msimamizi wa ufungashaji. Ukali wake tumeuonja sote, mimi zaidi, kwa kuwa tulikaa meza moja. Chupa yenye mfuniko uliokaa upande ilirudishwa kwako mbele za watu.

Kisha wakazuka wahuni wa kuokota chupa zetu tupu na kuzijaza maji ya sukari. Mzee Abdulatifu wa Chemchem alinunua moja stendi, akaipeleka ukweni kwenye posa ya mwanawe, na posa nusura ivunjike kwa aibu. Alipotuletea chupa ile, Bi Shifaa alionja, akaitazama nembo yetu, akalia kwa hasira.

Hakuunda kamati. Alitafuta utepe wa plastiki unaobana ukipata joto, akaazima mashine ya kukaushia nywele katika saluni ya Zabibu kule Ng'ambo, na wiki nzima wateja wa Zabibu wakawa wanaondoka na nywele mbichi. Ndipo tukapata lakiri ya kijani inayoshika mfuniko. Ukifungua chupa, lakiri imekatika na hairudi tena. Wahuni wakakosa kazi.

Sasa uongozi umeiondoa, eti kubana matumizi. Nasema wazi kwamba huu ni upuuzi, na unaniuma. Asali ya Tabora ina jina tangu enzi za misafara, nasi tunawakabidhi jina hilo watu wanaochemsha sukari uani.

Siku ya kumuaga, meneja alimkabidhi zawadi: chupa kubwa ya asali yetu, yenye mfuniko mpya usio na lakiri. Bi Shifaa alishukuru kwa adabu zote. Akapitisha kidole pembeni mwa mfuniko, akairudisha chupa mezani mbele ya meneja, akaenda kukaa. Sisi wa ufungashaji tulisimama tukapiga makofi.

Bi Shifaa, ahsante kwa kulilinda jina letu. Mwenyezi Mungu akujaalie afya na mapumziko marefu yenye raha. Zawadi yako tutakuletea wenyewe nyumbani, ikiwa na lakiri. Mashine ya Zabibu tumeshaiazima.