Uso wa Gernot Paschke (1936–2014)

Ndugu, jamaa na marafiki, tunamzika leo Gernot Paschke, mpigapicha wa filamu, aliyeishi kwa kuwaambia wenzake wasiufiche uso. Siku zamu ilipomfikia yeye mwenyewe, ilikuwa kazi. Tutalisema na hilo, maana hakupenda wasifu wa kupaka rangi.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Machi 1936 mjini Zittau, mtoto wa pili wa Ewald Paschke, fundi saa, na Frieda, mfumaji wa kiwandani. Alisoma hapo hapo Zittau, ambako walimu walimgombeza kwa kukodolea watu macho mpaka wakauliza wana nini usoni. Mwaka 1956 alijiunga na chuo cha filamu cha Babelsberg, akahitimu 1960.

Kazi aliianza kwa kubeba miguu ya kamera na kupima umbali kwa utepe. Mwaka 1965 akakabidhiwa kamera yake, na akapiga filamu zaidi ya ishirini. Tusidanganyane, alikuwa mkaidi. Mwongozaji akifoka kwamba jua linazama, yeye hujibu taratibu, "Liache lishuke. Bado halijafika mashavuni." Basi watu wakasubiri, wengine wakimtukana chini chini. Picha zilipotoka, waliomtukana ndio waliokuwa wa kwanza kumsifu.

Katika filamu moja ya mwaka 1968 alimpiga picha Bibi Ottilie Brandes, mwigizaji wa miaka sitini na moja, bila poda, mwanga wa dirisha ukimjia ubavuni na kila kunyanzi likionekana. Binti yake, Roswitha, alifika studio amefura.

"Wewe bwana, mama yangu amekukosea nini?"

"Hajanikosea kitu."

"Mbona umemzeesha?"

"Kazeeka akikulea wewe, dada. Hebu kaa hapa umtazame."

Roswitha alikaa, akatazama, akalia. Filamu ile ilimpa mama yake kazi kwa miaka mingine mingi. Tarehe 14 Juni 1969 Gernot na Roswitha walifunga ndoa Potsdam, na Bibi Ottilie akasema huku akikata keki, "Mkwe wangu, leo angalau nipige picha kwa mbali." Walijaliwa watoto wawili, Henrike na Jörn.

Ukuta uliogawa nchi yetu ulipoanguka mwaka 1989 na kazi zikakauka, marehemu aligeukia ualimu. Kila mwaka aliwaanza wanafunzi kwa maneno yale yale: "Hakuna uso mbaya. Kuna mpigapicha mvivu."

Februari 2011 alipigwa na kiharusi, uso ukaanguka upande wa kushoto. Mganga hajigangi. Mtu huyu huyu aliagiza vioo vifunikwe, akakataa wageni, na wanafunzi wake waliotoka mbali wakaishia mlangoni. Alikula akiwa ameuelekea ukuta. Iliuma mno kumwona hivyo, nasi tuliogopa kwamba atakufa amejificha.

Roswitha alivumilia mpaka Pasaka. Kisha akamwambia mbele ya watoto, "Gernot, miaka yote hii unaniambia mama yangu alikuwa mzuri. Kama ulinidanganya, sema leo nijue moja."

Wiki ikapita. Asubuhi moja akaomba kamera itolewe kabatini. Roswitha alimweka dirishani, upande wa uso uliobaki mzima ukielekea kwenye mwanga.

"Sivyo, mama Henrike," alisema kwa ulimi mzito. "Geuza kiti. Mwanga uende upande ulioanguka."

Roswitha akageuza kiti, akampiga picha. Tangu siku hiyo nyumba ilijaa wageni, naye akawakosoa wote kwa jinsi wanavyokaa gizani. Alifariki nyumbani Babelsberg tarehe 3 Novemba 2014, wanawe wakiwa wamemshika mikono.

Ameacha mjane, Roswitha, watoto wake Henrike na Jörn, wajukuu watatu, dada yake Gisela, na wanafunzi wasiohesabika.

Kwa jalada la ratiba mlizoshika, watoto walichagua picha yake ya ujanani, kijana mzuri mwenye kofia. Mama yao akaikataa, akaleta ile ya dirishani. Msione haya kuitazama. Apumzike Gernot wetu kwa amani, uso wazi.