Sinia la Bi Nagisa

Mheshimiwa Sheikh Muatasim, mgeni wetu rasmi; Bi Rawya, mwenyekiti wa kikundi chetu cha maigizo; mabibi na mabwana mliokuja kutoka Mawaleh, Bustan na kwengineko hapa Maskati; na wewe mwenyewe, Bi Nagisa Onodera, uliyekalishwa kwenye kochi la mbele kama bi harusi: assalamu alaykum.

Nimeambiwa niseme maneno mazuri ya kumuaga. Ntajaribu, lakini nimeudhika, na kwa umri wangu sina sababu ya kuficha.

Bi Nagisa kazaliwa Osaka, kasomea uigizaji huko, kacheza malkia katika jukwaa la kwao. Kisha akaenda London, akaenda Cairo, na kila alikofika watengenezaji wa filamu walimpa kazi ile ile: aingie na sinia la chai, ainame, atoke. Akaletwa Maskati kwa filamu iliyopigwa kule Bustan. Mnadhani alicheza nini? Aliingia na sinia. Filamu ilipokwisha wenzake wakaondoka, yeye akapanga ghorofa ya juu kwa Bi Mazoon, Mawaleh, akajifunza Kiswahili kwa kutusikiliza tunavyogombana.

Mnaikumbuka siku ya mchezo wetu, Bakhita mwigizaji wetu alipopoteza sauti na ukumbi umeshajaa? Nani aliyeyajua maneno yote ya yule mama mkwe mkorofi? Bi Nagisa alijifunga kanga, akatoka, akamkazia macho bwana harusi: "Wewe mwanamme, umekuja kuposa au umekuja kunusa biriani?" Watu walicheka mpaka wakashikana mabega. Mama yangu mdogo, ambaye macho yake hayaoni vizuri, akaniuliza yule mtoto wa nani, mbona anasema kama watu wa Mkunazini, kwetu Unguja.

Sasa baada ya siku ile mngetarajia nini? Kila karamu Bi Nagisa huingia jikoni kusaidia, na kila karamu hupokonywa sahani mkononi. La, la, wewe mgeni, kaa. Khasa Bi Rawya, kwa ukarimu wake usiomsikiliza mtu. Kwenye filamu hawachoki kumpa sinia. Kwetu hatuchoki kumnyang'anya. Hivi kuna tofauti gani?

Na sisi, jamani, ndio wa kufanya haya? Tulipofika nchi hii ya babu zetu, si tuliulizwa madukani tumetokea wapi? Na Unguja, tulikozaliwa, si tuliulizwa kwetu tunarudi lini? Mpaka leo tunahadithiana kwa uchungu. Halafu mtu akivuka mlango wetu, tunamwonyesha kochi.

Wiki iliyopita aliniambia kapata mchezo Osaka, wa msimu mmoja, na tiketi aliyokata ni ya kwenda tu. Nikamwuliza atarudi lini. Akanambia: "Bibi Khawla, ugeni nnauigiza kazini, nnalipwa. Nyumbani nimechoka kuuigiza bure."

Nnasikitika kwamba nilikuwa wa mwanzo kumwuliza. Kamati yetu ilisikia jina la Osaka tu, ikenda kuchapisha kitambaa hiki kilichotundikwa nyuma yangu: "Safari njema ya kurudi kwenu." Kwao wapi, Bi Rawya? Nani alikwambia harudi?

Kitambaa kimeshachapishwa, na mimi siwezi kupanda ngazi kukishusha. Lakini jikoni kuna halua haijakatwa na kahawa haijamiminwa. Bi Nagisa, mwanangu, inuka kwenye kochi hilo. Sinia unajua liliko. Na atakayekwambia ukae, aje kwangu kwanza. Wewe Mheshimiwa, usiinuke. Mgeni leo ni wewe.

Nawashukuru nyote mlionivumilia na chakula kikipoa. Na wewe Bi Nagisa, sikupi zawadi. Katika vyombo tutakavyovitumia leo, fungu lako la kuosha hatutoligusa. Tunakuwekea mpaka utakaporudi.