Mwalimu Nusu, Aliyeogopa Jibu la Kwanza

Waombolezaji wapendwa, mzee tunayemsindikiza leo alizaliwa tarehe 9 Juni 1951, katika nyumba za wafanyakazi nyuma ya mtambo wa maji, akiwa mtoto wa tatu wa fundi bomba na mkunga. Mama yake alisimulia kwamba hata kutembea alianza kwa woga. Alitanguliza mguu, akaurudisha, akaitazama sakafu kama bado ipo, ndipo akaenda.

Alisoma shule ya msingi ya mtaani, sekondari ya bweni, kisha chuo kikuu, ambako alihitimu hisabati mwaka 1975. Huko alikutana na milinganyo inayoeleza jinsi vitu vinavyobadilika: chuma kinavyopoa, maji yanavyopanda. Mingi kati ya hiyo haitatuliki kwa kalamu, kwa hiyo kompyuta hulisogelea jibu kwa hatua fupi fupi za muda. Marehemu aliiogopa kompyuta tangu siku ya kwanza. "Haina haya hiyo," alizoea kusema. "Itakudanganya kwa mwandiko mzuri kabisa."

Kuanzia 1977 hadi alipostaafu mwaka 2011 alifundisha chuoni hapo, na akaandika vitabu vitatu vya hesabu hizo, ambavyo wahandisi wengi wanavyo mezani hadi leo. Kanuni yake ilikuwa moja. Ukishapata jibu, kata hatua kwa nusu, piga hesabu upya, na majibu yakipishana usiamini hata moja. Wanafunzi wakambandika jina la Mwalimu Nusu. Walimtania kwamba hata chai huanza na nusu kikombe, na kusema kweli hawakumsingizia.

Tarehe 14 Agosti 1982 alifunga ndoa na fundi cherehani aliyekuwa na chumba kimoja mkabala na posta. Mara ya kwanza alikwenda kwake kupunguza suruali, akamwona anapima, kisha anapima tena.

"Mbona unarudia, dada?"

"Kwani nikikosea, mguu utaurefusha wewe?"

Juma lililofuata alimpelekea suruali nyingine, ambayo haikuwa na kasoro yoyote. Mungu akawajalia binti mmoja, ambaye leo ni mtaalamu wa programu za kompyuta.

Mwezi Februari 2023 marehemu alipotea njia akitoka dukani, njia aliyoipita miaka yote. Hospitali ikaona uvimbe kwenye ubongo. Wakati huo alikuwa akiandika kitabu cha nne, na aliendelea kuandika, kwa sababu akiwa na kalamu mkononi moyo wake ulitulia. Sura ya saba ilihusu mafuriko yanayoingia bwawani. Mwezi Julai binti yake aliijaribu kwenye kompyuta, akaja kukaa pembeni ya kitanda.

"Baba, hapa ulikata hatua?"

"Nimekata."

"Hukukata, Baba. Nimeikata mimi, na maji yamepanda zaidi. Yako yanapita chini ya ukingo. Yangu yanauruka."

Hatua zilikuwa ndefu mno. Hesabu haikuharibika kwa namna ya kuonekana. Ilitoa mchoro laini na mtulivu, ila kilele cha mafuriko kilikuwa kimebanwa chini. Marehemu aliutazama ule mchoro, akaufuata mstari wake kwa kidole mpaka kileleni.

"Nimempa mtu," akasema.

"Nani?"

"Yule mwanafunzi wangu. Anayesimamia malango ya bwawa. Alikuja hapa, akaomba... Mama yako anamjua."

Mama hakumjua. Alikumbuka mwanamume mrefu aliyenakili sura ile sebuleni, akashukuru sana, akaondoka. Asubuhi jina lake lilikuwa kwenye ncha ya ulimi wa marehemu lakini halikutoka, jioni lilikuwa mbali zaidi, na siku iliyofuata hakulijua kabisa. Binti alipiga simu kila ofisi ya mabwawa aliyoipata. Wengine walimsikiliza, wengine walimwambia mzee anaumwa, awaachie wataalamu.

Toka hapo hofu haikumtoka. Mawingu yakitanda aliuliza, "Amepiga?" Mvua ikigonga bati alitaka kushuka kitandani aende, asijue aende wapi. Mkewe alimshika mkono, naye akiogopa vilevile, maana ndiye aliyempokea mgeni na kumfungulia mlango. Tarehe 2 Novemba 2023, saa tatu asubuhi, marehemu alivuta pumzi ya mwisho nyumbani kwake. Neno lake la mwisho lililosikika lilikuwa, "Mwambieni akate."

Kwa hiyo tunasema. Ndugu yetu uliyenakili sura ile, ikiwa umesimama hapa, au karatasi hii ikikufikia popote ulipo, usiitumie sura ya saba. Usifungue wala kufunga lango lolote kwa hesabu ile. Hakuna atakayekulaumu, na wala hatukuulizi jina. Binti wa marehemu atasimama getini mpaka mtu wa mwisho aondoke. Mguse tu bega. Mvua kubwa zimekwishaanza, na wanaoishi chini ya bwawa hilo, lolote liwalo, hawajui kama kuna mtu wa kuogopa kwa ajili yao.

Marehemu ameacha mjane, binti, mkwe mmoja, wajukuu wawili, dada yake mkubwa, na wanafunzi wengi, akiwemo mmoja tusiyemjua.

Mzee wetu, pumzika kwa amani. Hofu yako tunayo sisi.